Gemu Inastaki: Jua Kwanza Kilicholemewa Kabla ya Kushusha Setingi

Kompyuta inapokwama katikati ya gemu, ushauri unaotolewa karibu kila mahali hapa Mwanza, kuanzia vibanda vya gemu vya Mabatini hadi mageto ya wanafunzi kule Nyegezi, ni mmoja: ingia kwenye setingi, shusha kila kitu hadi "Low". Wapo wanaoufuata na gemu ikakimbia. Wapo pia wanaoufuata na gemu ikabaki na mwendo uleule, ila sasa haitazamiki. Hao wa pili huamua kwamba mashine yao imezeeka, wakaanza kutafuta hela ya nyingine, wakati ile waliyonayo ingeweza kucheza vizuri kabisa.

Tofauti ya makundi haya mawili si bahati. Kila setingi inapunguza mzigo wa kifaa fulani ndani ya kompyuta, na si wa vyote. Ukikipunguzia mzigo kifaa ambacho hakikuwa kimechoka, mwendo haubadiliki hata kidogo.

Tuanze na fremu. Unachokiona kikisogea kwenye skrini ni mfululizo wa picha zilizosimama, na kila picha huitwa fremu. Ili upate fremu 60 kwa sekunde, kompyuta ina milisekunde 16.7 tu za kuandaa kila moja. Kwa fremu 30 inapata milisekunde 33.3. Ndani ya muda huo prosesa inaamua kinachotokea: mpira umeenda wapi, gari limegonga nini, beki anakimbilia upande gani. Ikimaliza, inaipa kadi ya grafiki maelekezo, nayo kadi inachora na kupaka rangi nukta moja moja hadi skrini ijae. Ni kama kazi ya dagaa ufukweni: mitumbwi inaleta, wengine wanaanika. Mitumbwi ikichelewa, hata uongeze waanikaji mara mbili, dagaa wakavu hawaongezeki. Na waanikaji wakizidiwa, kuongeza mitumbwi ni kurundika dagaa mchangani.

Kwa hiyo kabla ya kugusa setingi yoyote, tafuta upande uliochelewa.

Kipimo chake hakihitaji programu ya kununua. Ndani ya gemu, zima V-Sync kwanza, ile setingi inayofunga fremu zifuate mwendo wa skrini, kisha simama mahali penye shughuli nyingi na uwashe kionyesha fremu. Steam, programu ya kununulia na kufungulia gemu, inacho chake, na kwenye Windows 10 na 11 bonyeza kitufe cha Windows pamoja na G, utakikuta kwenye Game Bar. Andika namba unayoiona. Sasa shusha rezolusheni, yaani idadi ya nukta zinazochorwa, kutoka tuseme 1366×768 hadi 800×600, bila kugusa kitu kingine chochote. Rudi palepale uliposimama, angalia tena.

Namba ikiruka, mfano kutoka 24 hadi 45, kadi ya grafiki ndiyo iliyolemewa, na setingi za picha zitakusaidia sana. Namba ikibaki palepale, au ikapanda kwa fremu moja au mbili, kadi ilikuwa imekaa inasubiri. Aliyelemewa ni prosesa, au RAM (kumbukumbu ya muda ya kompyuta), au diski. Au hakuna aliyelemewa kabisa: gemu yenyewe imefunga fremu. GTA San Andreas ya kompyuta, iliyotoka 2005 na ambayo bado inachezwa sana mitaani, ina setingi inayoitwa "Frame Limiter". Ikiwa imewashwa, gemu haivuki takriban fremu 25 hata ukiipeleka kwenye mashine ya mamilioni. Ukiizima fremu zinapanda, lakini mambo mengine ya gemu hiyo, kama uendeshaji na kuogelea, yanaanza kufanya vituko, kwa sababu iliundwa ikitegemea mwendo ule.

Kipimo cha pili ni Task Manager. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, nenda "Performance", iache ikiwa wazi, cheza dakika chache, halafu rudi uangalie grafu. GPU, yaani kadi ya grafiki, ikiwa kati ya asilimia 95 na 100, kadi inafanya kazi yote iliyonayo. Memory ikiwa imegusa juu kabisa, RAM imejaa. Disk ikigonga 100 kila gemu inapokwama, umempata mhusika. Ila asilimia ya CPU, yaani prosesa, inadanganya watu wengi. Prosesa yenye viini 4 na nyuzi 8, yaani njia nane za kufanya kazi kwa wakati mmoja, inaonyesha wastani wa zote nane. Gemu ikitegemea uzi mmoja tu na uzi huo ukawa umejaa pomoni, wastani unaweza kusoma asilimia 13 au 20, na mwenye mashine akaapa kwamba prosesa haina kazi. Ndiyo maana mimi naamini zaidi kile kipimo cha rezolusheni.

Laptopu za ofisini na grafiki zake

Mashine nyingi zinazochezewa gemu hapa kwetu ni laptopu za mitumba zilizokuwa za maofisi huko Ulaya na Marekani: EliteBook, Latitude, ThinkPad. Ni mashine imara, lakini nyingi hazina kadi ya grafiki ya kujitegemea. Zina grafiki ya Intel iliyomo ndani ya prosesa yenyewe, na grafiki hiyo haina kumbukumbu yake, inakopa RAM ya kompyuta. Kwa laptopu kwa jumla kuna mambo matatu yanayozidi setingi zote za ndani ya gemu.

La kwanza ni draiva, programu inayoiwezesha Windows kuitumia kadi ya grafiki. Fundi akishapiga Windows mpya na kukurudishia laptopu ikiwaka, si lazima awe ameweka draiva ya grafiki. Fungua Device Manager, bonyeza "Display adapters". Ukikuta pameandikwa "Microsoft Basic Display Adapter", kadi yako haifanyi kazi yake kabisa na kila kitu kinachorwa na prosesa. Hakuna setingi ya gemu itakayokuokoa hapo. Chukua draiva kutoka tovuti ya mtengenezaji wa laptopu au ya Intel, AMD au Nvidia, si kwenye flashi ya mtu.

La pili ni RAM, na hapa naomba usome polepole, kwa sababu ndipo penye faida kubwa kwa hela ndogo. Kwenye Task Manager, bonyeza "Memory", tazama chini palipoandikwa "Slots used". Ukiona "1 of 2", laptopu yako ina kijiti kimoja cha RAM na nafasi moja iko wazi. Kijiti kimoja cha DDR4 cha kasi ya 2400 kinapitisha gigabaiti 19.2 kwa sekunde. Vijiti viwili vinavyofanya kazi pamoja vinapitisha 38.4. Kwa kuwa grafiki ya Intel inakula kutoka kwenye RAM hiyohiyo, kuongeza kijiti cha pili kunaipanulia njia mara mbili. Kwenye gemu nyingi utaona tofauti mara tu unapowasha. Kwa hiyo 8GB za vijiti viwili vya 4GB zinaishinda 8GB ya kijiti kimoja kwenye mashine ya namna hii, ingawa namba inayosomeka ni ileile. Ukienda dukani usiseme tu "nataka RAM ya laptopu". Taja kama ni DDR3 au DDR4, na kasi yake, ambayo imeandikwa kwenye ukurasa huohuo wa Memory. Mashine za DDR3 nyingi za miaka ya 2013 na 2014 zinataka ile ya DDR3L, ya volti 1.35.

La tatu linawahusu wenye laptopu zenye kadi mbili, ya Intel na ya Nvidia au AMD. Windows inaweza kuipa gemu kadi dhaifu ili kuokoa betri. Nenda Settings, System, Display, kisha Graphics, tafuta gemu yako na uchague "High performance". Kuna watu wamecheza na kadi isiyo sahihi tangu siku waliyonunua.

Setingi gani inagusa nini

Kipimo kikionyesha kadi ndiyo iliyolemewa, anza na rezolusheni, kwa sababu hakuna kingine chenye nguvu kama hicho. Skrini ya 1920×1080 ina nukta 2,073,600. Ya 1280×720 ina 921,600. Umepunguza kazi ya kadi kwa zaidi ya nusu kwa kubadilisha mstari mmoja. Kama maandishi yanakuwa na ukungu, tafuta "Resolution Scale" au "Render Scale": hiyo inashusha nukta za dunia ya gemu tu na kuacha maandishi na ramani zikiwa safi. Gemu za karibuni nyingi zina FSR ya AMD, iliyotoka 2021, ambayo inachora picha ndogo kisha kuikuza kwa ustadi, na matoleo yake mengi yanakubali hata kadi za Intel na Nvidia. DLSS inafanya kazi inayofanana, lakini inadai kadi ya Nvidia ya jamii ya RTX.

Baada ya rezolusheni, shusha vivuli. Vivuli ni vizito kuliko vinavyoonekana, kwa sababu kila taa yenye kivuli inailazimisha kompyuta kuchora vitu vile tena kutoka upande wa taa, na kazi hiyo inagusa hata prosesa. Kati ya vivuli vya "High" na "Medium" macho hayaoni tofauti kubwa ukiwa unakimbia, lakini fremu zinaona. Kulainisha kingo kwa njia ya MSAA, tafakari za majini na nyasi ni vya kushusha pia. Kwenye GTA V, setingi ya nyasi peke yake inaweza kuitesa kadi ukitoka mjini kwenda mashambani, wakati barabarani mjini huioni kabisa.

Tekscha, yaani zile picha zinazovalishwa kuta, nguo na barabara, zina tabia yake. Watu wanazishusha za kwanza kwa kudhani ndizo zinazochelewesha. Tekscha haziombi nguvu, zinaomba nafasi. Zikitosha kwenye kumbukumbu ya kadi, "High" na "Low" zinakaribiana kabisa kwa mwendo. Zisipotosha, gemu inakwama vibaya kila unapogeuka, kwa sababu inaanza kuzihamisha kutoka RAM au diski. GTA V inaonyesha juu ya ukurasa wa setingi mstari wa kumbukumbu unaojaa kadiri unavyopandisha. Uache mstari huo chini ya kikomo, basi.

Kama aliyelemewa ni prosesa, acha hizo zote. Zinazokuhusu ni umbali wa kuona, wingi wa watu na magari, na hesabu za vitu kuanguka na kuvunjika. Na kama RAM ni 4GB, funga kivinjari kabla ya kucheza. Windows yenyewe inachukua karibu nusu, kivinjari chenye kurasa kumi kinamaliza iliyobaki, na hapo kompyuta inaanza kutumia diski kama RAM. Diski hiyo ikiwa HDD, ile yenye sahani inayozunguka, gemu itaganda sekunde nzima kisha iendelee. Kuweka SSD, diski isiyo na sahani ya kuzunguka, kutaondoa migando hiyo na kufupisha muda wa kufunguka, lakini hakutapandisha fremu zenyewe, na ni vizuri mnunuzi alijue hilo kabla ya kutoa hela.

Setingi moja ninayoipenda kuliko zote haipandishi fremu, inazifunga. Mashine inayorukaruka kati ya fremu 28 na 55 inachosha macho na mikono kuliko inayokaa kwenye 30 bila kutikisika. Mkono unazoea mwendo ulio sawa. Kama gemu ina "Frame Rate Limit", iweke kwenye namba ambayo mashine inaifikia hata mahali pazito. Usitegemee V-Sync ya kawaida kwa kazi hiyo kwenye mashine dhaifu: kwenye skrini ya hezi 60, inayobadilisha picha mara 60 kwa sekunde, mara nyingi fremu zikishindwa kufika 60 inazishusha ghafla hadi 30, zikipata nafasi inazirudisha 60, na unabaki na mtikisiko ulioukimbia.

Joto

Kuna laptopu inayocheza vizuri dakika kumi za mwanzo, kisha inaanza kukokota. Hapo usiguse picha. Ni joto. Prosesa nyingi za Intel zina kikomo cha nyuzi joto 100, na zikikikaribia zinajipunguzia mwendo zenyewe ili zisiungue. Utaliona hilo kwenye Task Manager, ukurasa wa CPU, kwenye "Speed": namba iliyoanza gigahezi 3 inateremka hadi 1.5 na kukaa hapo.

Mwanza si jiji la joto kali, lakini mazingira yetu yana yake. Chumba cha bati mchana kina joto lake. Vumbi la barabara za milimani, kule kwenye nyumba zilizopanda miamba, linaingia kwenye feni na kutengeneza blanketi kati ya feni na mapezi ya shaba. Wanaokaa karibu na maji wanajua vile vijidudu vinavyotoka ziwani kama wingu jeusi na kufuata mwanga usiku. Ukicheza taa ikiwa imewaka na dirisha wazi, feni inawavuta ndani. Isitoshe, ziwa lenyewe liko mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, ambako hewa ni nyepesi kwa karibu asilimia 10 kuliko pwani, kwa hiyo feni ileile inabeba joto pungufu kidogo. Si tofauti kubwa, lakini inaongezeka juu ya vumbi.

Mpelekee fundi aifungue, asafishe feni na abadilishe pesti ya prosesa, ile dawa ya kijivu inayopitisha joto na ambayo hukauka kwa miaka. Usicheze ukiwa umeiweka kitandani, kwa sababu godoro linaziba matundu ya chini. Vizibo viwili vya soda chini ya kona za nyuma vinatosha kuinyanyua ipumue.

Halafu kuna setingi inayoonekana kwenda kinyume na akili, nayo inafanya kazi. Prosesa nyingi za laptopu za ofisini, zile ambazo jina lao linaishia na herufi U, zimepewa takriban wati 15, na wati hizo zinagawanywa kati ya prosesa na grafiki iliyomo ndani yake. Prosesa ikijirusha kwenye mwendo wa juu kabisa, inaila grafiki na kuleta joto. Fungua "Power Options", ingia kwenye setingi za juu, tafuta "Processor power management", na kwenye "Maximum processor state" weka 99 badala ya 100. Kwa laptopu nyingi asilimia hiyo moja inazima ule mwendo wa ziada. Kama kadi ndiyo iliyokuwa imelemewa, grafiki inapata wati zaidi, joto linashuka, na fremu zinatulia au hata kupanda. Kama prosesa ndiyo iliyolemewa, irudishe 100 haraka.

Umeme na chaja

Laptopu ikiwa kwenye betri inajibana, hata ukichagua "Best performance". Umeme ukikatika katikati ya mechi na fremu zikaanguka, hiyo ndiyo sababu. Kompyuta ya mezani ni tofauti. Umeme kupungua nguvu jioni haupunguzi fremu zake. Ama saplai, kile kisanduku cha umeme ndani yake, inahimili na gemu inaendelea kama kawaida, ama inashindwa na mashine inazima. Stebilaiza inalinda mashine, haiongezi kasi.

Chaja ndiyo inayosahaulika. Laptopu nyingi za Dell zinasoma chipu ndogo ndani ya chaja kupitia ile pini nyembamba ya katikati. Chaja ya bei rahisi isiyo na chipu hiyo, au yenye pini iliyopinda, inaifanya laptopu itoe onyo inapowaka, igome kuchaji betri, na ishushe prosesa. Mwenyewe anabonyeza "Continue" kila asubuhi na kulaumu gemu. Ukiona "Speed" imeganda chini ya gigahezi 1 ukiwa umechomeka umeme, azima chaja halisi ya mtu uijaribu kabla ya jambo lolote.

Programu zinazojiita za kuongeza kasi ya gemu sizipendekezi. Zinachofanya nyingi ni kufunga programu za nyuma, jambo unaloweza kulifanya mwenyewe kwenye "Startup apps", huku zenyewe zikikaa ndani ya RAM uliyotaka kuiokoa. Zile zinazopita kwenye flashi mkononi kwa mkono, zikidai uzime kinga ya virusi kwanza, usiziguse. Ukishafunga za nyuma, zima pia kurekodi kwa siri kwa Game Bar, "Record in the background", na umemaliza.

Kukwama kusiko kwa kompyuta

Mchezaji wa mtandaoni anaweza kuwa na fremu 60 zilizotulia na bado akapigwa risasi baada ya kujificha nyuma ya ukuta. Hiyo ni pingi, muda wa taarifa kwenda kwenye seva na kurudi, na hakuna setingi ya grafiki inayoigusa. Mwanga ndani ya nyaya za faiba unasafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Njia ya nyaya kutoka Mwanza hadi seva ya Ulaya, kwa kupitia pwani na chini ya bahari, ikifika kilomita 10,000, kwenda na kurudi tu ni milisekunde 100, kabla mtambo wowote njiani haujachelewesha. Hicho ni kiwango cha chini ambacho hata bando ghali halikivunji.

Kinachoweza kushuka ni ile nyongeza ya nyumbani. Windows ikipakua masasisho huku unacheza, pingi inapanda mara mbili au tatu, kwa hiyo weka mtandao wako kuwa "Metered connection", ambayo pia inaokoa bando. Ukitumia hotspoti ya simu, chomeka simu kwa waya wa USB badala ya Wi-Fi, na uiweke dirishani upande unaoshika mnara, hasa kama nyumba yako iko nyuma ya mwamba. Kisha angalia orodha ya seva ndani ya gemu. Ikiwa ipo ya Johannesburg, ijaribu pamoja na ya Ulaya na usome pingi za zote mbili kabla ya kuchagua, kwa sababu nyaya hazifuati ramani kila mara, na seva iliyo karibu kwa kilomita inaweza kuwa mbali kwa njia.